Kaa Huyu, Kaa Hili

Steringi hafi. Aliyekulia pwani enzi za vibanda vya video, iwe Magomeni ya Bagamoyo, Bunju au Tegeta, aliijua sheria hiyo kabla hajakariri tebo ya mbili. Steringi atapigwa risasi ya bega, atatupwa mtoni, atafiwa na mama mzazi dakika ya kumi, lakini picha haiishi mpaka alipe kisasi. Neno lenyewe lilitoka kwenye maandishi yanayopita mwanzoni mwa filamu, pale "starring" inapotangulia majina ya wachezaji. Watoto waliona kwamba kila likitokea neno hilo, jina la shujaa linafuata. Basi shujaa akawa steringi, au stelingi, kwa kuwa r na l kwetu huazimana nafasi bila kuulizana. Na nje ya kibanda, kwenye vumbi la stendi, dereva wa gari la abiria alikuwa ameshika steringi ya pili, ile ya kugeuzia magurudumu, iliyotokana na "steering".

Maneno mawili ambayo Mwingereza hawezi kuyachanganya hata akiwa usingizini yakawa neno moja, na hakuna aliyepotea njia kwa ajili hiyo. Steringi kakamatwa: hapo ni mtu, na kesho asubuhi watoto watasimuliana namna alivyochomoka. Steringi imekamata: hapo ni gari, na abiria waanze kusali. Herufi mbili tatu zilizobandikwa kwenye kitenzi zinamaliza ubishi ambao sikio peke yake lisingeuweza.

Maneno ya namna hii ni mengi, na kadiri yanavyokuwa mafupi ndivyo yanavyonoga. Bodi ni waheshimiwa wanaokaa kikao na kulipwa posho. Bodi pia ni umbo la gari, lile linalopelekwa kwa fundi kugongwagongwa na kupigwa rangi. Moja ni "board", jingine ni "body", na yote mawili yakizeeka huingiza maji. Shoti ya umeme huunguza nyumba, shoti ya mauzo humfukuzisha kazi muuza duka. Pasi ndiyo iliyopitiliza: kuna pasi ya kunyooshea nguo, pasi ya kusafiria, pasi ya mwisho inayomkuta mshambuliaji peke yake na kipa, na kuna pasi ndefu, ambayo haina mpira ndani yake. Mwanachuo anayepiga pasi ndefu ni yule anayekula mara moja tu, saa tisa au saa kumi alasiri, ili sahani hiyo moja imvushe mchana na usiku. Mpira umetoka kwa beki ukamfikia mshambuliaji bila kupita kwa kiungo. Vijana wa Bagamoyo wanaosoma vyuo vya Dar es Salaam hukwambia kwamba bumu likiingia, pasi ndefu inakwisha. Bumu ni fedha ya kujikimu ya mkopo wa elimu ya juu, na hapo ndani mna "boom" ya Kiingereza, ile ya neema ya ghafla. Halichanganyiki na bomu, ambalo likiacha kuua watu huwa ni simu mbovu uliyouziwa Kariakoo kwa bei ya simu nzima.

Bumu na bomu zimeponea kwenye vokali. Mara nyingi hatuna bahati hiyo. Kiswahili kina vokali tano. Kiingereza cha London, ukihesabu na zile zinazoteleza kutoka sauti moja hadi nyingine, kinakaribia ishirini. Ishirini zikija kulala kwenye vitanda vitano, wengine watabanana. "Hat", "hut" na "heart", yaani kofia, kibanda na moyo, vyote vinaishia kwenye a ileile. "Bed" na "bird" vinakutana kwenye e. "Ship" na "sheep" vinagawana i. Mwalimu wa kidato cha kwanza pale Kerege au Zinga anabandika ubaoni picha mbili, ya meli na ya kondoo, anasoma, na darasa linaitikia kwa sauti moja. Na kweli ni sauti moja. Kuna vichekesho chungu nzima vilivyojengwa juu ya jambo hili, kikiwemo kile cha muongoza watalii aliyewakaribisha wageni wake ufukweni kwa kutamka "beach" kifupi mno, wageni wakashika midomo kwa sababu walikuwa wametukanwa.

Kicheko hicho huwa kinanikera, wala si kwa uzalendo. Kinanikera kwa sababu kinamchukulia mtoto wa Kerege kama mtu mwenye masikio mabovu, wakati masikio yake yanafanya kazi barabara, isipokuwa yanasikiliza mahali pengine. Tazama Kiingereza kinavyosema meli ni kubwa, kisha kondoo ni mkubwa. Sentensi ni ileile, nukta kwa nukta, tofauti ni vokali moja tu katikati ya jina. Ukiikosa hiyo umekosa yote, hakuna neno la pili litakalokuja kukuokoa. Sasa sema kwetu: meli kubwa imelala, kondoo mkubwa amelala. Hata upepo wa kusi ukilichukua jina lenyewe, mkia wa sentensi unakuambia kilicholala kina roho au hakina. Mtoto aliyelelewa kwenye lugha hiyo miaka kumi na mitatu amezoea kuitafuta maana pembeni mwa neno, kwa majirani zake. Anapokuja mtu kumwambia kwamba maana yote imefichwa ndani ya i moja, na kwamba majirani hawana habari, lazima aduwae. Hiyo ndiyo ingekuwa mada ya somo la kwanza la Kiingereza kama ningepewa mtaala niuandike: kwamba lugha hii inahifadhi vitu vyake kwenye kabati tofauti.

Nenda soko la samaki la Bagamoyo asubuhi, madau na mashua zikiwa zimeshapanda mchangani na moshi wa wakaanga samaki ukitambaa chini ya mabati. Mama mmoja amesimama kati ya karai la mafuta, jiko lake na kapu la viumbe wanaotambaa, na mtoto anamzungukazunguka miguuni. "We mtoto, kaa kando! Kaa hao wazima bado, na kaa hilo limedondoka hapo lina moto!" Kaa tatu kwa pumzi moja. Ya kwanza ni amri, ya pili ina magando, ya tatu inaunguza. Mtoto anaruka anavyotakiwa kuruka. Hakusimama kujiuliza ni kaa ipi, maana hao na hilo vilishamjibu. Mgeni aliyejifunza Kiswahili kwa kukariri orodha ya msamiati angekuwa ameshakanyaga.

Wazee wa mrima, yaani pwani hii ya bara, zaidi ya ngeli hizo, walikuwa na ufunguo mwingine ambao sasa umeanza kushika kutu. Sikiliza bibi wa Kaole au wa Saadani, yule ambaye shule na redio hazikumnyoosha ulimi, akitaja paa wa porini na paa la nyumba. Kwa paa wa porini, midomo ikiachana hutoka kipupwe cha pumzi, kiasi kwamba ungeshika karatasi nyembamba mbele ya kinywa chake ingetikisika. Kwa paa la nyumba pumzi hiyo haitoki. Vivyo hivyo kaa wa baharini anatoka na pumzi, kaa la jikoni linatoka kavu. Mpangilio huu si wa kubahatisha. Majina ya ngeli ya n- yanayoanza kwa p, t, k au ch ndiyo yanayopulizwa. Yale ya ngeli ya ma- hayapulizwi. Kwa hiyo hata pumzi nayo ni ngeli inayojitokeza kwa mlango wa nyuma.

Hapa ndipo Mwingereza naye anapochekesha, ingawa hakuna aliyemtungia kichekesho. Katika lugha yake kila p inayofungua neno hupulizwa, na mwenyewe hajijui, kwa kuwa kwake pumzi hiyo haibadilishi maana yoyote. Akija Kaole akajenga, akaanza kulalamikia paa la nyumba yake kuvuja, kwa sikio la yule bibi kila paa analolitaja lina miguu minne. Watu wawili hawa, mtoto wa Kerege na huyu bwana, wanafanana kabisa. Kila mmoja anapita juu ya tofauti ambayo kwa mwenzake ni mlango wa nyumba. Lakini mmoja wao husahihishwa kwa wino mwekundu, na mwingine husifiwa kwamba jamani, anakijua Kiswahili.

Aliyeipa pumzi hii heshima yake kwenye maandishi alikuwa padri. Charles Sacleux, Mfaransa wa Shirika la Roho Mtakatifu, alifika pwani hii akiwa kijana mwishoni mwa miaka ya 1870, akaishi Bagamoyo na Unguja. Alikuwa mtu wa mimea pia, na mpaka leo kuna jenasi ya mimea, Sacleuxia, yenye jina lake. Nadhani ndiyo sababu aliyakusanya maneno kama mtu anayekusanya majani: hatupi jani kwa sababu linafanana na jingine, bali anaandika lilichumwa wapi. Kamusi yake ya Kiswahili na Kifaransa inaonyesha neno linasemwa mrima, Unguja, Mombasa au Lamu, na p iliyopulizwa ameitofautisha na isiyopulizwa. Ilimchukua sehemu kubwa ya maisha. Ilichapishwa Paris kati ya 1939 na 1941, mwenyewe akiwa mzee wa miaka themanini na kitu, Ulaya ikiwa inaungua.

Mwaka huohuo wa 1939 ilitoka kamusi nyingine, ya Oxford, iliyotengenezwa na Kamati ya Lugha ya nchi za Afrika Mashariki chini ya Frederick Johnson, ambaye hakuwahi kuiona ikiwa kitabu kwa sababu alifariki 1937. Kazi ya kamati ilikuwa nyingine kabisa. Mkutano wa Mombasa wa 1928 ulikuwa umeshachagua Kiunguja kiwe msingi wa Kiswahili sanifu. Vitabu vya shule vilitakiwa kusomeka Kampala kama vinavyosomeka Tanga. Huwezi kuendesha shule za nchi nne kwa kamusi inayokuuliza kila ukurasa wewe ni wa wapi. Pumzi ikaachwa, kwa kuwa tahajia sanifu haina alama yake, na paa wote wawili wakaandikwa sawasawa. Siwalaumu. Ila najua kitabu ninachokichukua nikitaka kusikia sauti ya mtu, nacho si kile cha kamati.

Kuandika maneno yanayofanana na kumwachia msomaji ayatenganishe hakukuanza na kamati, hata hivyo. Karne nyingi kabla ya herufi za kizungu, pwani hii iliandika kwa herufi za Kiarabu: barua za wafanyabiashara, hati za madeni, tenzi. Kwa mtindo wa zamani, alama moja ilisimama kwa u na kwa o, nyingine kwa i na kwa e. P mara nyingi iliazima ba. Kuku na koko ziliandikwa sawa, na paa na baa nazo hivyo hivyo. Kwa mgeni huo ni mwandiko wa mafumbo. Kwa mwenye lugha haukuwa na shida kubwa, kwa sababu msomaji hakuwa akisoma neno mojamoja. Alisoma sentensi nzima, ngeli zikimtangulia na kumsubiri mbele. Mtoro bin Mwinyi Bakari, mtu wa Dunda hapo Bagamoyo ambaye masimulizi yake ndiyo yaliyojaza sehemu kubwa ya kitabu cha Desturi za Wasuaheli, kilichotolewa na Carl Velten mwaka 1903, alikuwa mwana wa utamaduni huo wa kusoma. Alikwenda Berlin kufundisha Kiswahili kwa Wajerumani waliokuwa wakijiandaa kuja kututawala. Najaribu kumfikiria mwalimu huyo akiwa mbele ya maofisa wanaotaka neno moja liwe na maana moja, kama amri ya jeshi, akiwaeleza kwamba kaa inategemea. Baadaye, akirudi nyumbani na mkewe Mjerumani, alizuiwa kushuka melini, akarudishwa Ujerumani, na huko ndiko alikofia.

Meli hiyo iliyomrudisha, jina lake nalo lilikuwa mgeni aliyeshapata uraia. Tangu 1872 merikebu za moshi za kampuni ya British India zilikuwa zikileta barua Unguja kwa ratiba. "Mail" ikawa meli, barua zikasahauliwa, chuma na moshi vikabaki na jina. Leo meli hubeba saruji, ng'ombe, mafuta na watalii, na barua zimerudi kwa mlango mwingine kwa jina la imeili. Hivyo "mail" imeingia pwani mara mbili na haijawahi kujitambua. Ndugu yake wa sauti, "mile", aliingia akakaa kando kama maili, na akapata hata mtaa, Maili Moja ya Kibaha. Manowari ni maneno matatu ya Kiingereza yaliyokunjwa yakawa moja, ile "man-of-war" ya mabaharia, na merikani ni kitambaa cha pamba kilichotoka Marekani, kikashushwa Unguja, kikavushwa Bagamoyo na kupanda bara vichwani mwa wapagazi. Meli, manowari, merikani: nani leo anayasikia kama Kiingereza? Yalikuwa maneno ya vijana wa bandarini, na sina shaka kuna mzee fulani aliyekunja uso kuyasikia.

Bagamoyo yenyewe ina neno la kutazamwa kwa karibu zaidi. Silisemei jina la mji, ambalo waongoza watalii wameshalimaliza utamu. Nasemea misheni. Mwambie bodaboda akupeleke Misheni naye hatauliza swali: atapita kwenye miembe, akushushe pale mapadri wa Roho Mtakatifu walipoanza mwaka 1868, wakajenga kijiji cha watu waliokombolewa utumwani, pale mwili wa Livingstone ulipofikishwa 1874, na pale Sacleux alipokaa na madaftari yake. Sasa muulize bodaboda huyohuyo anafanya nini jioni. Atakwambia ana mishe zake. Labda anadalalia kiwanja Kiharaka, labda anatafuta mteja wa simu iliyotumika, labda hana lolote na hataki uulize zaidi. Miaka ya tisini mtu kama huyo aliitwa mtoto wa mishentauni, kisha mji ukadondoka njiani, mwisho wa neno nao ukakatwa, ikabaki mishe, na ukitaka kuikoleza, mishemishe. Misheni na mishe ni "mission" ileile. Moja ilikuja na msalaba na vitabu vya sala, nyingine ilikuja baadaye, nafikiri kwenye picha za mapigano ambamo steringi hupewa kazi ya hatari na bosi wake. Hazigombani, maana Misheni ni moja na ipo palepale, wakati mishe huja kwa wingi na huhama kila saa. Misheni ilijengwa. Mishe zimebuma.

Wapo wanaoona kwamba huku ni kuharibu lugha, na kwamba wazee hawakuwa na mambo haya. Walikuwa nayo. Askofu Edward Steere, katika kitabu chake cha mwongozo wa Kiswahili kilichotoka kwanza 1870 na kuchapwa tena na tena, aliweka mfano wa kinyume, mchezo wa vijana wa Unguja wa kuchukua silabi ya mwisho na kuitanguliza. Samaki anakuwa kisama, bahari inakuwa ribaha, nyumba inageuka mbanyu. Kinyume kilikuwa siri ya kweli, na nikikitazama kwa jicho la ngeli naona kwa nini: hakipindui jina peke yake, kinapindua na jirani. Samaki huyu ni kisama yuhu. Viungo vyote ambavyo sikio letu huvitegemea vimehamishwa mahali pake, na aliye nje ya mchezo amebaki na kelele tupu. Lugha ya mtaani ya leo haina ukatili huo. Inabadilisha jina na kuacha kila kitu kingine kama kilivyo. Mzee asiyejua mishe ni nini, akisikia zimebuma, anaona angalau ni vitu, ni vingi, na mambo hayakwenda vizuri. Hajafungiwa nje, amewekwa barazani tu.

Kwenye magari ya Bagamoyo na Dar es Salaam, kilomita kama 70 za Kiromo, Kerege, Mapinga, Bunju na kuendelea, lugha hiyo ya barazani ndiyo inayoendesha kazi. Dereva ni suka. Anayempokea usukani kwa tripu mbili tatu ili apate chakula cha siku ni deiwaka, ambaye zamani alikuwa "day worker". Siti zikijaa bila wa kusimama ni levo siti. Na anayekusanya nauli ni konda, hata awe na kitambi cha namna gani.

Siku moja, gari likiwa limejaa zaidi ya levo siti, bibi mmoja mwenye doti ya kanga na kikapu cha ukili alipanda Mapinga. Konda, kijana wa miaka ishirini hivi, alijipenyeza mpaka kwake.

"Shikamoo bibi."

"Marahaba mjukuu wangu."

"Bibi, nauli buku jero. Hapa umenipa buku."

"Nimekupa nani?" Bibi akamgeukia jirani yake. "Jamani, mmeniona mimi nikimpa panya huyu?"

Gari zima likaangua kicheko. Konda naye akacheka, akasema elfu moja na mia tano, bibi, elfu moja na mia tano, na bibi akafungua fundo la pembe ya kanga taratibu, akimwambia kwamba sasa ndiyo amesema.

Bibi huyo alijua fika buku ni nini. Watu wa umri wake ndio wanaouza nazi na madafu pembezoni mwa barabara ile, na wateja hawawalipi kwa lugha ya kamusi. Alichofanya ni kulichomeka jina kwenye ngeli isiyo yake. Panya buku ni mnyama, yule mkubwa mwenye mashavu ya kubebea chakula, ambaye ndugu zake hufunzwa Morogoro, katika Chuo Kikuu cha Sokoine, kunusa mabomu ya ardhini na makohozi ya kifua kikuu. Buku huyu, buku hawa. Kuna na buku la hesabu, kitabu kikubwa cha dukani, na hayo kwa wingi ni mabuku. Kisha kuna buku ya konda, noti yenye sura ya Nyerere, ambayo haichukui ma- wala haina roho: buku moja, buku mbili, buku tano. Anayesema ana mabuku mawili mfukoni ana mfuko mkubwa. Hakuna aliyekaa kikao kugawa ngeli hizo, na hakuna mtoto wa stendi anayezikosea. Neno huingia mtaani likiwa uchi, likifika jioni limeshavalishwa.

Kamusi ya Kiswahili Sanifu, ile iliyotoka mara ya kwanza 1981 kwa kazi ya Taasisi ya Uchunguzi wa Kiswahili, huweka mbele ya kila jina vifungo vidogo vyenye a-/wa-, i-/zi-, li-/ya-. Wanafunzi wengi huviruka wakakimbilia maelezo. Mimi naona ndani ya vifungo hivyo mna kazi kubwa kuliko maelezo yenyewe, kwa sababu ukiambiwa neno ni la i-/zi- umeshaambiwa litakaa na nani. Tunachokosa ni kifungo cha pili, kile cha padri wa Misheni, cha kusema neno linasemwa na nani, wapi, na kwa nani lisisemwe. Maneno ya mtaani huingia kamusini yakiwa yameshastaafu, yamenyolewa ndevu, hayaonyeshi tena kwamba yaliwahi kupigiwa kelele mlangoni mwa gari. Natamani kamusi ijayo inikute na buku bado ikiwa na jasho la konda.

Na fedha ndizo zinazobadilika haraka kuliko maneno yake. Mwaka 1904 Wajerumani waliigawa rupia ya koloni lao katika heller mia moja. Sarafu hizo zilishatoweka, hukuti tena hata moja sokoni, lakini ukimwomba mtu wa Bagamoyo hela leo hakuulizi ni fedha ya serikali ipi. Msimbazi ni noti nyekundu ya elfu kumi, kwa heshima ya jezi za Simba, na mashabiki wa Yanga wanaitumia bila kinyongo siku ya mshahara. Jero ilikuwa noti ya mia tano. Benki Kuu ilipoleta sarafu ya mia tano mwaka 2014, makonda hawakutafuta jina jipya. Jero iliendelea kuwa jero, ila sasa ikianguka chini ya siti unaisikia.